Maharage ya Onesphory

Endasak, Jumapili

Marieta mwanangu,

Shikamoo yako nimeipokea, marahaba. Mbuzi mweupe kazaa mapacha. Hadiya wa dukani ndiye anayeniandikia, nimemkataza kulainisha maneno yangu. Haya siyasemi kwenye simu.

Mwanao Onesphory bado yuko ndani. Walimchukua mnadani watu wakiona, na sasa polisi wamemwapia jaji kwamba hawana mtu huyo. Waongo wakubwa! Kila siku napeleka makande kituoni. Askari mmoja kijana hunijibu kwa sauti, "Bibi, mtu wako hayupo hapa," huku mkono wake unapokea bakuli. Jioni linarudi mahindi yameliwa, maharage yamebaki chini. Nani mwingine anakula hivyo? Nimemgombeza kwa maharage hayo tangu ana meno mawili. Siku hizi nikiyaona namshukuru Mungu, najua yu hai.

Wakili anataka nikaseme hayo mbele ya jaji kesho. Nikisema, yule askari ataondolewa na chakula hakitaingia tena. Nisiposema, mwanao atazeekea humo akila makande yangu. Nimeligeuza jambo hili kila upande, sioni pa kutokea.

Ukipata barua hii nitakuwa nimeshasema. Nigombeze ukitaka, lakini ule kwanza.

Leo nimempikia mahindi matupu, hamna harage hata moja. Nilichotaka kukiona nimeshakiona. Leo nataka ashibe.

Mama yako anayekupenda mpaka anakasirika,
Kornelia