Maji ya Nyumba ya Kemunto

Gesima, Sabato, Mei 1974

Ukungu haujaondoka tangu asubuhi na michai yote imelowa. Nimerudi kanisani kichwa kikiniuma. Mahubiri yalikuwa ya upendo na sikusikia hata nusu yake.

Nina wivu. Naliandika neno hilo hapa kwa sababu siwezi kulitamka. Kwetu wivu wa wake wenza una jina lake, engareka, na watu hulitaja kama wanavyotaja homa: fulani anayo, mwacheni.

Kemunto ni mke wa pili wa mume wangu, Baba Ombati. Nyumba yake iko bondeni, karibu na chemchemi. Mimi ni mwalimu, nyumba yangu ni ya mabati, na mwaka jana nilijenga tangi la saruji la kuvuna maji ya mvua. Lakini Baba Ombati akitoka kuchuma chai na kiu yake, hupita mlangoni kwangu akateremka kunywa kwa Kemunto. Nilipomuuliza, alisema maji yangu yana ladha ya saruji na ya kule ni matamu.

Matamu.

Basi likizo ya Aprili nilipokwenda kwetu Ogembo, nilimwomba binamu yangu anayefundisha kemia anipe karatasi za litmasi. Akanieleza: ya buluu ikigeuka nyekundu, maji yana asidi, nyekundu ikigeuka buluu, yana alkali, kama yale maji ya majivu tunayolainishia mboga. Akaongeza kwamba chemchemi nyingi za milima hii zina asidi kidogo, na kidogo hivyo haimdhuru mtu. Hilo la mwisho niliamua kulisahau.

Jumapili iliyopita nikaweka vikombe viwili mezani, Baba Ombati akiwa ameketi mbele yangu. Maji yangu yaliigeuza karatasi nyekundu ikawa na ubuluu hafifu. Nikawahi kusema kuwa ni saruji mpya tu, itakwisha. Ya Kemunto yakaigeuza ile ya buluu ikaanza kuwa nyekundu. Hapo nikamsimulia jinsi asidi inavyokula chuma, nikamwachia mwenyewe afikirie tumbo lake. Niseme kweli, nilifurahi kuliko siku ya harusi yangu.



"Kama ni hivyo, Mama Ombati," akasema, "Kemunto na watoto wasiyanywe tena. Atakuwa akija kuteka kwako."

Ushahidi nilikuwa nimeuleta mimi.

Jana Ijumaa, siku ya kujiandaa, kila mwanamke wa kilima hiki alikuwa akijaza vyombo kabla jua la Sabato halijatua. Kemunto akaja na mtungi kichwani. Akanisalimu kwa adabu, akasema, "Mwalimu, asante kwa kutuhurumia." Nilitafuta kejeli katika sauti yake na sikuipata. Afadhali ningeipata. Alijaza, akaenda, akarudi na mtungi mwingine, nami nimesimama pale kama mlinzi wa mali ya mtu.

Mchimba kisima huingia mwenyewe. Mimi nilijenga tangi, nikaingia vilevile.

Leo mchana niliteremka bondeni kwa kisingizio cha kutafuta kuku. Baba Ombati alikuwa barazani kwa Kemunto, viatu kavua, miguu kainyoosha. Kemunto akamletea kikombe. Alikimaliza bila kupumzika, akajifuta mdomo, akakinyoosha aongezewe.

"Maji ya hapa ni matamu sana," akamwambia.

Hakusema ili kuniudhi. Hakuwa ameniona. Na anajua yametoka wapi, kwa maana yeye ndiye aliyeamuru.

Maji ya tangi langu, saruji na yote.

Nimerudi, nimejitekea kikombe, nimekunywa peke yangu mezani. Ladha ya saruji ipo. Nimejaribu kuisikia kama utamu, nimeshindwa. Litmasi haina rangi ya jambo hili, na binamu yangu hakunifundisha dawa yake.

Kesho atapita tena mlangoni kwangu na kiu yake. Nimwite? Na akiingia nitampa nini, ikiwa hata maji yangu sasa yako kule?