Aje Mwenyewe Aseme

Alhamisi, 4 Agosti 1977
Padri kaleta sinema ya Ulaya. Jumamosi itaonyeshwa pale parokia. Binti yangu Hilaria anataka twende wote. Sawa, tutaenda. Jumapili mshenga wa Melkiadi anakuja kuchukua jibu la posa, na mimi moyo hautulii. Melkiadi anafanya kazi reli — leo Mpanda, kesho Tabora. Mwanangu kampenda. Mimi nimemwona mara mbili tu, tena kwa mbali!

Jumamosi, 6 Agosti
Tumetoka sinema. Wanaimba mwanzo mpaka mwisho — hata kugombana wanaimba! Katekista Telesphor ndiye alikuwa anatueleza. Kuna bwana mmoja tajiri, kazi yake kudanganya wanawake. Huyu anaahidiwa ndoa, yule kaachwa analia. Jirani yetu Mama Prisila, mzaliwa wa Majimoto, kasema kwa sauti, huyo angekuwa kwao angekuwa keshapigwa mishale. Tukacheka wote. Halafu yule bwana kabadilishana nguo na mtumishi wake, kamtuma kwa mwanamke akajifanye ndiye yeye. Mwanamke kaamini! Hapo kicheko changu kikakatika. Nikamtazama Hilaria. Anatabasamu tu.
Mwisho bwana kaenda motoni, watu wakapiga makofi. Mimi nimerudi na mawazo. Mshenga, mzee Yohani, anaongea vizuri sana. Lakini ni maneno ya nani?

Jumapili, 7 Agosti
Mzee Yohani kaja. Nimemwamkia vizuri, nimempa chai, nimemwambia: jibu halipo mpaka Melkiadi aje mwenyewe nimsikie. Baba Hilaria kakasirika. Tangu lini mposaji akajisemea? Nikasema, tangu leo! Mzee Yohani kacheka, eti sinema ya padri imewaharibu wanawake wa hapa mtaani Majengo. Lakini kakubali kupeleka ujumbe.
Hilaria hasemi nami.

Jumatano, 10 Agosti
Kaja! Peke yake, na sukari kilo mbili. Kijana mpole, shikamoo yake mpaka chini. Baba Hilaria kafurahi. Nikamuuliza Melkiadi palepale: baba, huko Tabora una mwanamke?
Mimi hakunitazama. Kamtazama Hilaria.
Na Hilaria kadakia: mama, mwache ale kwanza, katoka safari.
Nimekuja jikoni kupakua. Hilaria kanifuata, kashika sahani, kasimama kanipa mgongo. Nimekaa kwenye kigoda, naandika ili nisipige kelele. Namwambia, mwanangu, kumbe ulijua? Geuka nikuone.
Hajageuka.