Kastadi ya Mama Mkwe

Mwanjelwa, mkesha wa Krismasi, 1974

Imeganda! Laini kabisa, haina bonge hata moja. Nimeyafunika mabakuli yote mawili, kubwa na dogo, kwa sahani lakini kila mara nakwenda kuichungulia.

Mchana nilidhani nimeharibu kila kitu. Mama mkwe alifika kutoka Tukuyu na maziwa ya ng'ombe wake, akaketi jikoni kunitazama nikikoroga. Nilipopasua mayai akashtuka.

"Hayo nayo unaweka humo?"

"Ndiyo, Mama. Bila mayai kastadi haigandi."

"Sisi wanawake tulikatazwa mayai tangu tukiwa wadogo. Mimi sijawahi kuyala."

Krismasi yangu ya kwanza nikiwa mke wa mwanawe, halafu nimemharibia maziwa yake kwa kitu asichokula! Nikamwambia naepua, nimpikie chai.

"Acha," akasema. Akaitazama sufuria. "Marehemu mume wangu nilimkaangia mayai miaka yote. Nilikuwa nanusa tu. Hebu nipe kijiko."

Akaonja ikiwa ya moto. Akafumba macho. Mimi nimesimama na mwiko mkononi.

Akakilamba kijiko upande wa pili.

"Kumbe ndicho walichokuwa wanatunyima!" Akacheka mpaka akajifuta machozi kwa kanga. Nami nikacheka, moyo umetulia.

Sijui kama ibada ya kesho nitaisikiliza vizuri kwa kuiwaza kastadi. Mama ameshapanga: bakuli kubwa letu sisi wanawake, wanaume wapewe lile dogo.