Muuguzi Aliyehubiri Malvern

Mdogo wangu Neema,

Baridi ya Toronto inauma hadi meno, lakini nashukuru nimekuja. Jumapili, katika kanisa la watu wetu huku mtaa wa Malvern, alihubiri mwanamke mmoja Mtanzania, muuguzi. Nilikaa na daftari, tayari kuipinga teolojia hii mpya ya kiinjili inayoruhusu wanawake kuhubiri. Alipomaliza, nilikuwa nimeandika tarehe tu.

Tulipokuwa tunakula, muuguzi yule akalitazama daftari langu, akaniuliza, “Mwalimu, umenikuta na makosa mangapi?”

“Hakuna.”

“Pole, baba. Ongeza pilau basi, maana ulikuja na njaa ya makosa!”

Neema, mimi ndiye niliyewashawishi wazee wa kanisa letu huko nyumbani wakunyime mimbari. Leo nimewaandikia kwamba nilikosea. Asante kwa kunivumilia. Andaa mahubiri; atakayekuzuia, nitagombana naye mimi mwenyewe.

Kaka yako anayekupenda,
Elia