Leso za Wapanda Mikoko

Majoreni, 6 Februari 2025

Mwanangu Farhan,

Assalaam alaykum. Sisi wazima, alhamdulillahi, ila goti langu lanisumbua. Wewe na mkeo hamjambo?

Nakuomba uniondoe katika filamu yako. Siku ile uliponihoji nilisema mno. Kwamba kampuni ya chumvi imefyeka mikoko yetu, na sasa inatupandisha miche kwenye mchanga mtupu kando ya barabara, kwa kuwa hapo wageni wao hupiga picha nzuri. Kwamba miche yote hufa, nasi twapanda tena mwaka wa pili, huku twaimba. Ni kweli. Lakini pampu ya maji ni yao, na kijiji kizima twanywa hapo.

Mamako

Nairobi, 15 Februari 2025

Mama, shikamoo. Hatujambo, na pole kwa goti.

Wataalamu nimewahoji saba, na hakuna aliyethubutu kusema ulivyosema. Nikikuondoa itabaki filamu ya kuisifu kampuni. Nimeufunika uso wako na kubadilisha sauti. Inaonekana leso tu uliyojitanda, ile mliyogawiwa yenye jina la kampuni, na mnayo nyote wapandaji arubaini. Hawatakujua.

Mwanao

Majoreni, 2 Juni 2025

Mwanangu, salamu nyingi. Goti limepoa, lakini sina raha.

Filamu tumeiona, na meneja ameiona. Alituita akauliza ni nani aliyesema. Tulikaa sote arubaini tumejitanda leso za kampuni, asijitokeze mtu. Basi akamnyooshea kidole Esha, kwa vile ana mdomo, akamfuta kazi ya kitalu cha miche. Esha ana watoto wanne na mume hana. Alijua ni mimi, asinitaje. Naona haya kukutana naye njiani. Ijumaa nitakwenda kwa meneja kusema ni mimi.

Mamako

Majoreni, 20 Juni 2025

Mwanangu,

Salamu. Uliponipigia simu kunikataza, nilikuwa nimekwisha kwenda. Esha hakurudishwa kazini. Pampu wameitia kufuli, na wako wasioitikia salamu yangu.

Jana alfajiri Esha alipiga hodi na madumu yake. Tulikwenda kisima cha zamani, maji yake ya chumvichumvi. Tulipojaza, alinitwika mimi kwanza.

Ukiionyesha tena filamu, nirudishie uso wangu na sauti yangu, asije akafukuzwa mwengine kwa maneno niliyoyasema mimi.

Mamako,
Mwanafatuma binti Haji