Maharage ya Mama Mkwe

Buhare, Jumapili

Ameshinda njaa ndani ya nyumba yangu, na chakula kipo mezani.

Mama mkwe alikuja jana kutoka Butiama na maharage ya shamba lake. Asubuhi nikayapika pale mezani, kwenye presha kuka ya umeme, ile shemeji aliyotuletea kutoka Dubai. Ni mara yangu ya pili kuitumia na mwenyewe bado naiogopa. Nikitoka kwenda kanisani nilimwambia, "Mama, usiiguse kabisa, itakulipukia!" Nilisema kwa ukali, kama ninavyowakemea watoto. Sikumweleza kwamba inajizima yenyewe, na kwamba mvuke ukiisha mfuniko unafunguka bila shida. Mkaa nao nilikuwa nimeufungia stoo, ufunguo nikaondoka nao.

Baada ya ibada nikapitia kwa rafiki yangu, maongezi yakanoga. Nimerudi jua linazama. Mama amekaa uani peke yake. Maharage yalikuwa yameiva zamani, yamepoa.

"Mama, mbona hujala?"

"Si ulisema nisiguse, mwanangu? Sisi hatujazoeaga vitu vya umeme."

Nikayapasha haraka, nikampakulia. Alimaliza sahani nzima bila kupumzika. Nilitamani ardhi ipasuke.

Mume wangu aliporudi kutoka Bunda, swali lake la kwanza lilikuwa, "Mama, umekula mchana?"

Nikainama, nikangoja Mama aniseme.

"Nimekula, nimeshiba," Mama akajibu. "Mke wako ananitunza vizuri."

Afadhali angenisema.