Gogo Moja, Majina Mawili

4 Februari

Kwako Mama,

Shikamoo. Natumaini barua hii inakukuta mzima, na goti lako limekubali angalau kukufikisha kwenye yadi yako ya mbao. Mimi sijambo, isipokuwa macho. Nashinda kwenye hadubini mpaka nikiinua kichwa naona kila mtu ana miguu sita.

Leo naandika habari za kazi, lakini ni za nyumbani pia. Mkuu wangu hapa makumbusho amenikabidhi droo za mbawakawa wa mbao, wale wale wanaokutia hasara: wanatoboa gogo bichi vitundu vyenye ukingo mweusi, wanalima ukungu humo ndani na kuula huo ukungu, mti wenyewe hawauonji. Natakiwa nihakikishe nani ni nani, maana watu wa zamani walikuwa wakigawa majina kama pipi.

Juzi nikavuta droo, nikakukuta. "Kibiriti", jina lako la utotoni, limevikwa mkia wa Kilatini, kwenye kibandiko kidogo kuliko ukucha. Kando yake "Shanga", yaani mama mkubwa, ambaye mimi namjua kwa kutajwa tu. Kumbe yule mtaalamu wa wadudu aliyepanga chumba chenu cha uani alikuwepo kweli. Nilidhani unanichekesha.

Tatizo ni hili. Nimewapima, nimewageuza, nimewahesabia mpaka vinyweleo. Hawana tofauti. Ni spishi moja, kwa hiyo jina moja libaki na jingine lizikwe. Kwa kawaida hubaki lile lililotangulia kuchapishwa, lakini haya yalitoka siku moja, kitabu kimoja, ukurasa mmoja. Hapo sheria yetu inamwachia achague yule anayewaunganisha kwanza, na akishachapisha, chaguo lake halirudi nyuma.

Huyo ni mimi. Nataka kuchagua Kibiriti. Nipe ruhusa tu.

Mwanao


19 Februari

Mwanangu,

Marahaba. Goti lipo, linakusalimia. Mengine yote mwilini yananitii.

Hukukosea, hao ni wamoja. Nilikuwepo. Dada ndiye aliyemwona wa kwanza, kwenye gogo lililokuwa uani, akampelekea mtaalamu kwenye kifuniko cha soda. Yule bwana akafurahi, akampa jina la dada. Basi mimi nikasusa chakula. Na nilisusa kwa ufundi, si ovyo ovyo: nilikaa kizingitini kwake na sahani imejaa, nikiitazama. Kesho yake akatoka na kisu, akachokoa gogo lile lile, akamwangalia mdudu kwa muda mrefu kuliko alivyohitaji, akasema, "Huyu mgongo wake uko tofauti kidogo." Mgongo ulikuwa vile vile. Tulijua sote watatu. Dada alinitazama tu. Mwaka uliofuata homa ikamchukua.

Kwa hiyo chagua Shanga. Wala usianze ubishi wako. Mimi nina yadi, nina goti, nina wewe. Yeye hakupigwa picha, hakuzaa, na kaburi lake mvua zimeshalisawazisha. Alichobakiza duniani ni mdudu, na huyo mdudu mimi nilimega nusu kwa kununa.

Nakutumia kichupa cha dawa chenye wadudu wa magogo ya juzi. Wanunuzi wamechoka kuona mbao zangu zina madoadoa. Wanasema zimeugua tetekuwanga.

Mamako


6 Mei

Kwako Mama,

Shikamoo. Habari za huko? Huku kwema, na macho yangu yamepata nafuu.

Nimefanya ulivyotaka. Makala imetoka wiki hii: Shanga limebaki, Kibiriti limezikwa chini yake. Mkuu amenipongeza kwa kunipigapiga begani, jambo ambalo hajawahi kulifanya kwa kitu kisichochomwa pini.

Leo nikahamisha wadudu waliokuwa na jina lako kwenye kisanduku cha mama mkubwa. Vibandiko vya zamani hatuvitupi, vinabaki kwenye pini, ila chini ya kipya. Nilipokuwa nateremsha kile chenye jina lako, mwenzangu wa meza ya pili akauliza, "Umesema nini?" Nikamwambia sijasema kitu. Akasema amesikia mtu akishukuru.

Tumecheka. Yeye amecheka zaidi.

Kichupa chako kimefika, sijakifungua bado. Nimebanwa na kazi.

Mwanao


30 Mei

Mwanangu,

Marahaba. Mimi ni mzima kuliko inavyostahili. Goti limepona. Si kupungua, limepona. Jana nilipanda juu ya rundo la mbao kama mbuzi. Dada hakuwahi kuumwa goti.

Sijui kwa nini nimeandika hivyo. Nayaacha maneno yawepo, wino si wa kuchezea.

Sikiliza kichekesho. Fundi wa msumeno, huyu niliyenaye tangu ukiwa shule, kanisalimia asubuhi: "Umeamkaje, Mama Shanga?" Nikamuuliza jina hilo kalitoa wapi. Kashangaa. Anasema ndilo jina langu siku zote. Nikamwambia mimi ni Kibiriti. Akanijibu kwa upole, ule upole wa kuongea na mgonjwa, "Kibiriti si yule mdogo wako aliyefariki?"

Nikadhani amelewa. Lakini muuza chai naye akaniletea kikombe kisicho na sukari. Miaka yote natia vijiko vitatu, wewe unanigombeza. Akasema, "Si hivyo unavyopenda?" Dada ndiye alikuwa hanywi sukari. Nikakinywa ili nisizue maneno.

Kibaya ni kwamba kilikuwa kitamu.

Mamako, ikiwa bado


14 Juni

Mama yangu,

Shikamoo, shikamoo tena. Hiyo "ikiwa bado" sikuipenda. Nakuomba uende hospitali wakuangalie presha na kichwa. Watu wakichoka huchanganya mambo, na fundi wako huyo si mara ya kwanza kuongea upuuzi.

Lakini ili nilale, nimemwendea mkuu. Nikamuuliza kama naweza kubadilisha chaguo, nitoe Shanga nirudishe Kibiriti. Akasema, "Kwani umewaona wana tofauti?" Nikasema hapana. "Basi limeshapita. Ungechagua vingine siku ile." Nikamuuliza kama naweza kumpa Kibiriti mdudu mwingine, mpya, wa kundi lile lile. Hilo nalo halifai: jina lililozikwa linabaki na kaburi lake, halivikwi mwingine.

Nijibu haraka, na unijibu hili moja: kovu la kidevuni kwangu nililipataje? Hilo tunalijua mimi na wewe tu.

Mwanao


22 Septemba

Kwako uliyeniandikia,

Salamu nyingi. Mimi ni mzima wa afya, na natumaini nawe hujambo huko uliko, ingawa sikufahamu.

Samahani kwa kuchelewa. Barua zako tatu zimefika hapa yadi, na nilidhani mwenyewe atatokea kuzidai. Zinamtaja Kibiriti. Huyo alikuwa mdogo wangu. Alifariki kwa homa akiwa msichana mdogo, mimi ndiye niliyekuwa nikimkanda kwa kitambaa cha maji. Hakuacha mtoto, hata umri wa kuwa na mtoto hakuufikia. Wala mimi sikujaliwa. Kwa hiyo kuhusu kidevu chako siwezi kusema lolote, na ningekudanganya ungejua.

Niseme ukweli, nimezisoma zote, tena zaidi ya mara moja. Unaandika vizuri, unachekesha. Ukutani kwangu kuna msumari usio na picha, na ukuta unaouzunguka umeacha weupe wa umbo la fremu. Nimemuuliza fundi hapo palikuwa na nini. Hakumbuki. Nikikaa na barua zako nakaa nikitazama hapo.

Ningependa uwe mtu wetu. Lakini si haki kukupa matumaini.

Shanga, mwenye yadi ya mbao


11 Januari

Mama,

Shikamoo. Najua unaona nimekosea anwani. Soma hivyo hivyo mpaka mwisho, nakuomba.

Hapo ukutani palikuwa na picha yangu ya siku ya kuhitimu. Ulisema nimefumba macho lakini fremu ni nzuri.

Huku hali si njema. Mwezi uliopita mlinzi wa getini, tunayetaniana naye kila asubuhi, alinitaka kitambulisho cha mgeni. Mkuu ananiita "binti" huku akitafuta jina usoni kwangu. Na leo nimenawa uso, nikapitisha kidole kidevuni. Kovu halipo, Mama. Ngozi ni laini kama ya mtu ambaye hakuwahi kuanguka.

Lakini nina habari nyingine, ndiyo iliyonifanya nichelewe kuandika. Nilifungua kile kichupa chako. Wengi humo ni Shanga, wale wale. Mmoja si Shanga. Nilimtilia shaka kwanza, kwa sababu nilikuwa nataka sana awe tofauti, na tunajua mtaalamu mmoja aliyewahi kutaka hivyo. Nikamfunika. Nikampa mwenzangu wa meza ya pili bila kumwambia kitu. Naye akarudi akasema, "Huyu umemtoa wapi? Mgongo wake una meno mawili yaliyopinda, sijawahi kuyaona." Tukampeleka kwa wengine wawili, nao wakasema hivyo hivyo. Mgongo wake uko tofauti kwelikweli. Hakuna mtu aliyesusa kizingitini.

Kibiriti siwezi kumpa, lile limekwenda. Kwa hiyo nimempa jina ambalo katika kundi lile hakuna aliyewahi kulitumia, nami nimelitafuta kwenye vitabu vyote mpaka nikaogopa kulikuta. Nimemwita Mama. Basi. Halina mkia wa Kilatini, halikuhitaji. Limechapishwa jana. Yuko kwenye pini na kibandiko chekundu, ambacho huwekewa yule mmoja anayebeba jina, na ilimradi mdudu ni wa kweli hakuna wa kumzika.

Kwenye bahasha sikuandika Kibiriti wala Shanga. Nimeandika "Mama, yadi ya mbao". Kama umeifungua wewe, basi unajua ni ya nani.

Mwanao


2 Februari

Mwanangu,

Marahaba, marahaba, marahaba. Hiyo ni ya zote ulizonisalimia nikawa sipo.

Goti limerudi. Lilianza kuuma nikiwa nakata kamba za magogo, nikakaa chini nikalishika kama mtu aliyepokea mgeni. Kovu ulilipata ukikimbizana na mjusi juu ya mbao za kuuzwa. Mjusi hakuumia, na ile mbao nililazimika kuiuza kwa bei ya kutupa kwa sababu ya damu yako. Jiangalie kwenye kioo. Picha iko kwenye msumari. Umefumba macho.

Fundi ananiita Mama Kibiriti na anaapa hajawahi kuniita vingine. Chai vijiko vitatu. Usinigombeze, nina madeni ya sukari.

Kuna jambo moja, nakuomba usishtuke. Dada hajaondoka.

Nilidhani mmoja akirudi mwingine atakwenda, ndivyo ilivyokuwa aliporudi yeye nikaenda mimi. Lakini wewe umeandika wa pili bila kumfuta wa kwanza, na sheria zenu naona zinafuatwa hata huku. Amekaa kiti cha pili, hapa mezani. Anakunywa chai yake kavu. Hasemi sana, hata zamani hakuwa msemaji. Barua yako ya mwisho ameisoma juu ya bega langu, na alipofika kwenye lile jina ulilonipa, akaweka kikombe chini. Tangu hapo hajala. Sahani iko mbele yake, imejaa, anaitazama. Ufundi ule namjulia; mimi ndiye niliyemfundisha.

Naye aliutaka huo umama, mwanangu. Mimi nilipolia nilipewa. Yeye hakuwahi kulia.

Nikikuomba usimtafutie mdudu nitakuwa mchoyo, na nikikuomba umtafutie sijui nyumba hii itakuwa na viti vingapi. Nakuachia. Jumamosi nilipoifunga bahasha hii ilikuwa na karatasi tu. Leo naiona imevimba, ina kichupa chenye mdudu ndani, nami nimeifungua tu ili nikwambie kwamba si mimi niliyekitia.

Mamako


Mwanetu, mtazame mgongo wake vizuri. Usiwe na haraka.

Mama yako mkubwa